Zimwi Hufugwa

Masalkheri wewe wa Shela na Maweni hapa Malindi mjini, masalkheri Watamu, Gede, Matsangoni, Kilifi, Mtwapa. Wa Ganze na Bamba, hamjambo? Wa Marafa, mvua imefika? Na wewe uliyeko Ngomeni ndani ya mashua, redio umeifunga kwenye mfuko wa plastiki isiingie maji ya chumvi, salama? Karibuni.

Mazungumzo ya leo ni ya mazimwi. Naam, umesikia sawasawa, mazimwi. Kama kuna watoto hapo usiwafukuze, waache wakae. Tutaanza Ugiriki, kwa sababu Wagiriki wa kale walikuwa mabingwa wa kutunga viumbe vya kutisha. Kisha tutarudi kwetu pwani, pole pole, na tutafika mpaka hapa hapa kaunti ya Kilifi, penye jambo ambalo si hadithi. Njiani nitakuuliza swali moja tu, na nitalirudia mpaka ulichoke. Swali ni hili: zimwi hufanywa na nani?

Maana tumezoea kuuliza mengine. Linakaa wapi? Lina vichwa vingapi? Linakula nini? Hayo watoto huuliza, na wana haki. Sisi watu wazima tuulize na hili: nani kalifanya?

Haya. Mama wa Kigiriki, zamani hizo, mtoto wake akikataa kulala alimtishia Lamia. Kama ulivyotishiwa wewe: nyamaza, zimwi linapita, linasikia sauti yako. Sasa huyo Lamia ni nani? Wagiriki walisema alikuwa malkia mzuri wa Libya, na Libya kwa maneno yao ilikuwa karibu Afrika yote waliyoijua. Mungu wao mkuu, Zeus, akampenda. Mke wa Zeus, Hera, akashikwa na wivu, akawaua watoto wa Lamia. Yule mama akachanganyikiwa kwa uchungu, akawa anawanyakua watoto wa wenziwe na kuwala. Hebu ipitie hadithi hiyo tena, taratibu. Mwanamke katakwa na mkubwa. Kanyang'anywa watoto. Halafu yeye ndiye anayeitwa zimwi. Zeus haitwi zimwi. Hera haitwi zimwi. Na zaidi ya hapo, ni mwanamke wa upande wetu wa dunia. Hilo liweke mfukoni, tutalirudia.

Na Medusa? Huyu unamjua hata kama jina limekupita. Nywele zake ni nyoka, na ukimtazama usoni unageuka jiwe papo hapo. Mshairi wa Kirumi, Ovid, anasimulia kwamba Medusa alizaliwa binti kama mabinti wengine, mzuri, na kilichosifiwa zaidi ni nywele zake. Mungu wa bahari, ambaye Wagiriki walimwita Poseidon, akamvunjia heshima ndani ya hekalu la mungu wa kike Athena. Akaadhibiwa nani? Medusa! Nywele zile zile zikageuzwa nyoka. Kisha akatokea kijana Perseus na upanga, akamkata kichwa naye amelala, akimwangalia kwenye ngao iliyong'arishwa asije akageuka jiwe. Perseus ni shujaa mpaka leo, amechongwa masanamu Ulaya nzima. Mimi nikiulizwa, ushujaa wa kumkata kichwa mtu aliyelala sijauona bado.

Kwa hivyo zimwi la kwanza limefanywa na wivu, la pili limefanywa na dhuluma. Twende kwetu sasa. Paukwa! Najua hapo nyumbani mmeitika. Pakawa.

Kuna hadithi ya Waswahili aliyoiandika askofu mmoja Mwingereza, Edward Steere, kama alivyosimuliwa na watu wa Unguja. Aliichapisha mwaka 1870 pamoja na nyingine nyingi. Inaitwa hadithi ya Sultani Majnun. Bibi zetu waliisimulia kwa namna zao mpaka huku, na kila msimulizi ana chumvi yake. Sultani huyo alikuwa na watoto wanaume saba, na alikuwa na paka. Paka mkubwa, mnono, kipenzi cha nyumba. Siku moja paka akakamata ndama. Watu wakaenda kwa sultani: bwana, paka amekula ndama. Sultani akajibu kwamba paka ni wake na ndama ni wake, hapana neno. Siku nyingine mbuzi. Jibu lile lile. Akaja ng'ombe, akaja punda, akaja ngamia. Watu wanapanda barazani kushitaki, wanashuka na jibu lile lile. Paka akala mtoto. Sultani hakushtuka. Paka akala mtu mzima. Sultani hakushtuka. Sasa paka hakai tena nyumbani, amehamia kichakani nje ya mji, na apitaye njia hiyo harudi. Watu wananong'ona, lakini barazani hakuna anayepanda tena, maana jibu wanalijua.

Mpaka siku sultani alipotoka na wanawe kwenda kuangalia nchi yake. Paka akachomoka kichakani, akawaua watatu katika wanawe. Hapo, msikilizaji, ndipo sultani alipolia na kusema huyu si paka, huyu ni Nunda, mla watu.

Umeona ilipo nguvu ya hadithi hii? Paka ni yule yule wa jana. Meno ni yale yale. Kilichobadilika ni aliyeliwa. Walipoliwa watoto wa watu, alikuwa paka wa sultani. Walipoliwa watoto wa sultani, akawa zimwi. Baadaye kitinda mimba ndiye anayeshika mkuki kwenda kumtafuta Nunda, na kila mnyama amwuaye anamletea mama yake, na mama anamwambia siye, mwanangu, siye. Analeta mbwa, analeta punda milia, twiga, kifaru, ndovu, mpaka mwisho anampata mwenyewe. Kwa nini kijana hamjui Nunda? Kwa sababu alikulia naye nyumba moja. Alimjua kama paka.

Wagiriki nao wana ndugu yake Nunda. Katika kisiwa cha Krete mfalme Minos aliahidi kumtolea mungu wa bahari fahali mweupe, akampenda yule fahali, akamficha. Adhabu ikamshukia mkewe, akazaa kiumbe chenye kichwa cha fahali na mwili wa mtu, Minotaur. Minos akamwita fundi wake Daedalus amjengee jumba la vichochoro visivyo na mwisho, zimwi likafungiwa humo. Nani analilisha? Watu wa Athens, waliokuwa wameshindwa vita, wakatozwa wavulana saba na wasichana saba wa kuliwa. Mpaka kijana wao Theseus akaingia na uzi aliopewa na binti wa Minos mwenyewe, akaliua, akaufuata uzi mpaka nje. Hadithi nzuri, hasa ule uzi. Lakini nikipewa nichague, nachagua ya Nunda. Minos alijua ana zimwi, akalificha kwa aibu. Sultani Majnun alilifuga hadharani, akalitetea kwa kinywa chake, mbele ya watu. Hiyo ndiyo ninayoiona mtaani. Kijana anaanza na kuku wa jirani. Mzazi anasema ni mtoto tu. Anaingia kwenye simu za watu. Mzazi anasema mnamwonea. Siku akimgeukia mzazi mwenyewe, ukoo mzima unaitwa kikao kuuliza huyu katoka wapi.

Zimwi hufanywa na nani? Nimekwambia nitalirudia.

Tushuke baharini kidogo. Wagiriki waliogopa sana bahari, na ndiyo maana waliijaza viumbe. Walikuwa na Scylla mwenye vichwa sita, na upande wa pili wa mlango wa bahari Charybdis, anayeyavuta maji yote na kuyatema. Walikuwa na Sireni, wanawake wanaoimba vizuri hata baharia anaelekeza chombo kwenye mwamba mwenyewe. Shujaa wao Odysseus aliwaziba mabaharia wake masikio kwa nta, yeye akajifungisha kwenye mlingoti ili asikie bila kufa. Na jambo ambalo huenda hukulijua: wachoraji wa vyungu vya Kigiriki waliwachora Sireni kama ndege wenye vichwa vya wanawake. Mkia wa samaki umekuja baadaye.

Sasa wewe mvuvi, ukisikia mwanamke nusu samaki, unamfikiria nani? Nguva. Na nguva yupo! Ni mnyama anayenyonyesha, anapanda juu kuvuta pumzi, titi lake liko kifuani karibu na pezi, na chakula chake ni majani ya bahari yaliyoko chini ya maji mafupi. Wanasayansi walipompanga katika ukoo wake, ukoo wenyewe wakaupa jina la hao hao Sireni. Lakini huyu haimbi, hampotezi mtu. Anajilisha kama ng'ombe na kuondoka. Jarife ndilo linalompoteza yeye: akinasa hawezi kupanda juu kupumua, anazama. Waliobaki Kenya ni wachache mno, wengi wao upande wa Lamu na Kiunga. Kati ya nguva na baharia, nani kamwua mwenziwe zaidi? Usinijibu mimi.

Na mwaka 2001 hapa hapa nje ya Malindi trola ilipandisha samaki wa kutisha kweli kweli: mkubwa, magamba kama ngao, mapezi yamekaa kama miguu iliyokatwa. Silakanthi. Wataalamu waliamini ukoo wake ulikwisha zama za dinosaria, mpaka mwaka 1938 alipopatikana mmoja Afrika Kusini, na binti wa makumbusho, Marjorie Courtenay-Latimer, akamtambua kwamba si samaki wa kawaida. Wakomoro walikuwa wakimjua siku nyingi, wanamwita gombessa, nao wala hawakumthamini sana, nyama yake si tamu. Yule wa Malindi akahifadhiwa, na watu wakawa wanakwenda makumbusho kumtazama. Watoto wa shule wakimwona wanarudi nyuma hatua moja. Yeye maskini maisha yake yote alikuwa kwenye mapango ya kina kirefu, hana habari nao.

Nilisema kuna jambo uliweke mfukoni. Litoe sasa. Nilikwambia Lamia alikuwa wa upande wetu wa dunia, na hakuwa peke yake. Herodotus, mwanahistoria wa Kigiriki, aliandika kwamba magharibi ya Libya wanasemekana kuwapo watu wenye vichwa vya mbwa, na wengine wasio na vichwa, macho yako kifuani. Ptolemy, aliyekuwa akichora ramani za dunia kule Alexandria katika karne ya pili, alipofika kusini kabisa mwa pwani hii yetu aliweka wala watu. Yaani, msikilizaji, wakati bibi wa bibi yako anachota maji kisimani, huko Alexandria ameshaandikwa zimwi.

Lakini kuna Mgiriki mwingine, wa Misri, mfanyabiashara, hata jina hakutuachia. Huyu aliandika kitabu kidogo cha safari za Bahari ya Hindi katika karne ya kwanza. Anaitaja pwani hii mpaka soko la Rhapta. Anaona nini? Vyombo vilivyoshonwa kwa kamba, pembe za ndovu, pembe za vifaru, magamba ya kasa. Anasema watu ni warefu wa maumbo, na kwamba manahodha wa Kiarabu wanaoa huku na kuijua lugha. Vichwa vya mbwa hakuna. Macho kifuani hakuna. Mwenye kuja kununua aliona watu wa kuuziana nao. Aliyekaa mezani akaona wala watu.

Na Malindi yetu hii imo katika kisa kimoja cha ajabu zaidi. Vasco da Gama alitia nanga hapa mwaka 1498. Karibu miaka 75 baadaye, mwaka 1572, mshairi wa Kireno Luís de Camões akachapisha utenzi mkubwa wa safari hiyo, Os Lusíadas. Ndani ya utenzi, mfalme wa Malindi anamwomba Gama amsimulie habari za kwao na za safari. Gama anasimulia. Na katikati ya masimulizi analeta zimwi: jitu linaloinuka baharini kwenye rasi ya kusini ya Afrika, ndevu zimevurugika, meno ya manjano, linawatisha Wareno kwa kuthubutu kupita kwake. Jina lake Adamastor. Camões alilitunga kwa mtindo wa majitu ya Kigiriki, na akalipa hata historia ya mapenzi yaliyolishinda. Kwa hiyo zimwi la kabila la Kigiriki limewahi kusimuliwa Malindi, kwenye kitabu walau. Mfalme wetu kitabuni anasikiliza kwa adabu zake zote. Mfalme wa kweli nadhani alikuwa na mengine kichwani, maana alikuwa hapatani na Mombasa na alitafuta rafiki mwenye mizinga. Rafiki akapatikana. Mwaka 1505 Mombasa ikashambuliwa na Wareno na kuchomwa moto. Sasa waulize watu wa Mombasa wa mwaka huo zimwi lilitokea rasi gani.

Kabla Wareno hawajafika, Malindi nayo ilipeleka kiumbe cha ajabu ugenini. Mwaka 1415 wajumbe wa Malindi walifikisha twiga Uchina. Ikulu ya mfalme Yongle ikampokea kama qilin, mnyama wa visasili vyao anayetokea pale tu mtawala mwema anapotawala. Washairi wakamsifu, mchoro wa twiga wa enzi hiyo upo mpaka leo. Twiga mwenyewe alitaka majani ya mgunga.

Turudi nyumbani sasa kabisa, tuingie msituni. Gede unaijua. Kuta za mji wa kale, mibuyu, kima wanakutazama juu ya msikiti. James Kirkman, mwanaakiolojia Mwingereza aliyeanza kuchimba pale mwaka 1948, aliandika kwamba siku za mwanzo alihisi kama kuna kitu au mtu nyuma ya kuta anamwangalia, si kwa uadui wala si kwa urafiki, anangoja tu. Huyo ni msomi na tochi yake. Basi mimi na wewe tunaopita magharibi tumebeba kuni tusionekane waoga.

Huko vichakani ndiko Wagiriama walikojua anakaa katsumbakazi. Wangapi bado mnamjua? Kasisi W. E. Taylor alimwandika katika kitabu chake cha maneno ya Kigiriama mwaka 1891, lakini hawe zetu, bibi zetu, hawakuhitaji kitabu. Katsumbakazi ni pepo mfupi. Mfupi sana, na ufupi wake unamuuma. Unaweza kukutana naye mchana kweupe, njiani. Hakurukii, hakuumi. Anakuuliza swali: umeniona wapi? Ukijibu kwa haraka, nimekuona hapa hapa, umekwisha, siku zako zinahesabika. Lakini kama ulilelewa vizuri ukajibu, ah, nimekuona tangu kule mbali, anakuacha uende zako, na pengine bahati ikakufuata.

Kwa nini? Fikiri. Anayeonekana kutoka mbali ni nani? Ni mrefu. Ukimwambia ulimwona hapa miguuni pako, umemtukana umbo lake. Ukimwambia ulimwona tangu kule, umempa kimo. Zimwi hili halitaki damu, linataka heshima! Katika mazimwi yote niliyoyataja leo, hili ndilo ninalolipenda, na sijui lingine duniani linalofukuzwa kwa adabu tupu. Perseus na upanga wake angekufa siku ya kwanza Ganze.

Wagiriki nao wana muulizaji: Sphinx, mwili wa simba, mabawa, kichwa cha mwanamke, amekaa nje ya mji wa Thebes. Apitaye anategewa. Kitendawili! Tega. Asubuhi ana miguu minne, mchana ana miwili, jioni ana mitatu. Watoto mlio hapo, upesi! Ukishindwa hakuna kumpa mji kama desturi yetu, unaliwa. Oedipus ndiye aliyejibu: ni mtu. Mtoto anatambaa, mkubwa anakwenda wima, na jioni ya maisha yake anaongeza mguu wa tatu, mkongojo.

Huyo wa miguu mitatu ndiye aliyenileta hewani leo. Nilikuahidi tutafika penye jambo ambalo si hadithi, na tumefika.

Hapa Kilifi kuna wazee wanaouawa kwa kuambiwa ni wachawi. Unajua, nami najua. Mvi zikitokea, mtu anaanza kuangaliwa kwa jicho jingine. Mtoto wa jirani akifa ghafla, mfuko wa biashara ukikauka, anatafutwa wa kulaumiwa, na macho yanatua kwa yule yule aliyekaa chini ya mwembe na mkongojo wake. Wako wanaopaka nywele rangi nyeusi ili wasionekane wamezeeka. Hebu fikiri, mtu anauficha uzee, katika nchi ya Wamijikenda, watu ambao kaya zao ziliongozwa na wazee na kulindwa na wazee! Wako waliokimbia majumbani mwao kabisa, wakapata hifadhi Kaya Godoma, kule Ganze, ambako wazee waliotuhumiwa wamewekewa makazi. Na ukichimba kesi moja moja, mara nyingi chini ya ule uchawi unakuta shamba. Mzee ana ekari zake, hajazigawa, au amemgawia huyu hakumgawia yule. Sheria ya Uchawi ipo Kenya tangu mwaka 1925, lakini panga usiku halisubiri hakimu.

Wala si sisi peke yetu. Usukuma, kule Tanzania, vikongwe wameuawa kwa sababu ya macho mekundu, na macho hayo yaliiva kwa moshi wa jikoni, miaka na miaka ya kupikia watoto. Unguja na Pemba mwaka 1995 ilikuwa hofu ya popobawa, zimwi la usiku. Watu walilala nje, makundi makundi, wamekumbatiana na taa. Popobawa hakukamatwa, ila aliyekamatwa na kundi la watu Unguja ni mtu mwenye maradhi ya akili. Walisema ndiye. Wakamwua. Aliyekufa alikuwa mgonjwa, na waliomwua walikuwa watu wazima wenye majina.

Angalia basi. Katsumbakazi anakaa porini, ana kimo chake, ana swali lake, na kila mtoto anafundishwa jibu. Nunda yuko kichakani. Hakuna mwenye kuuawa kwa sababu ya hadithi hizo, na ndiyo maana sikukutaka uwafukuze watoto. Balaa linaanza pale zimwi linapotolewa porini likavishwa uso wa shangazi yako. Medusa alikuwa binti wa watu kabla hajaitwa zimwi. Yule mzee wa Kaya Godoma naye juzi juzi alikuwa akiitwa baba, na waliombadilisha jina ni waliokula mezani pake.

Kuna methali tumeizoea mno: zimwi likujualo halikuli likakwisha. Tunaisema kama faraja, kwamba aliye wako atakuonea kidogo tu, hatakumaliza. Mimi naona kwa habari hii imetudanganya. Wengi wa wazee hawa hawakuuawa na mgeni. Aliyeingia usiku alijua mlango unasukumwa vipi, alijua mbwa anaitwaje, alijua mzee analala upande gani wa chumba.

Muda wangu unakaribia kwisha, naona fundi mitambo ananionyesha saa. Juma lijalo, Mungu akitujalia, tutakwenda Ozi na Kipini kwa Fumo Liongo, na tutaona kwamba yeye naye, shujaa mzima, kuna aliyemwita jitu la hatari na aliyemtuma mtoto wa Liongo mwenyewe amwue. Watoto waliokaa mpaka sasa, ahsanteni, nendeni mkalale. Kesho mwende kwa hawe, kwa bibi, kwa yeyote mwenye mvi hapo kwenu, mumwombe hadithi moja ambayo mimi siijui, mtutumie ujumbe hapa kituoni, nitausoma hewani na kumtaja mwenye hadithi. Na kama yuko Ganze au Marafa aliyewahi kukutana na katsumbakazi, tafadhali apige simu atueleze alimwona wapi, lakini aseme ilikuwa mbali.